Nimesoma Iliad halafu Trojan Women usiku uleule, uzoefu wangu

Kwa anayetaka kusoma hadithi za Wagiriki wa kale kuhusu vita vya Troy na anajiuliza aanze na tenzi za Homer au na tamthilia, mi nilichukua Iliad ya Emily Wilson (tafsiri ya Kiingereza, ilitoka 2023) pamoja na Trojan Women ya Euripides, nikaanza hiyo ya pili usiku uleule niliomaliza ya kwanza, na kiukweli usizitenganishe.

Iliad ina vitabu 24. Wilson kaitafsiri kwa mistari yenye mizani kwa hiyo inaghanika, nilikuwa naisoma kwa sauti kama utenzi na pumzi inakaa sawa. Kitabu cha 2 ile orodha ya meli inachosha, nilipita haraka. Ila cha 6 nenda nacho taratibu. Hector, shujaa wa Troy, anarudi mjini anamnyooshea mikono mwanae Astyanax, mtoto analia kaogopa kishungi cha kofia ya vita, baba na mama wanacheka, Hector anaivua anaiweka chini, anambusu, anaomba siku moja watu waseme huyu kampita baba yake mbali. Kufika cha 24 Hector keshakufa na mkewe Andromache analia kwamba huyu mtoto nae watakuja kumrusha kutoka mnarani. Homer anaishia kwenye mazishi ya Hector, ya mtoto hayasemi.

Sa fungua Euripides, tamthilia ya mwaka 415 KK, Waathene wametoka kuua wanaume wa kisiwa cha Melos na kuwafanya wanawake na watoto watumwa. Humo Troy imeshaanguka, na anayekuja kumchukua Astyanax akarushwe kutoka ukutani ni Talthybius, tarishi wa Wagiriki, yuleyule wa Iliad kitabu cha 1 aliyetumwa na mwenzake kumchukua mateka Briseis kwa Achilles, shujaa wa Wagiriki, wakasimama pale kimya kwa hofu na aibu mpaka Achilles mwenyewe akawaambia nyie hamna kosa, mjumbe hauawi yaani. Safari hii Talthybius anasema kazi hii angepewa mtu asiye na huruma kama yeye alivyo nayo. Na baadae ndo huyo huyo anaosha maiti ya mtoto mtoni, mama yake keshapakiwa melini, bibi yake Hecuba anamzika juu ya ngao ya Hector. Jamani nililia. Ningeanza na tamthilia nisingemtambua kabisa huyu mtu.

Wiki hii nimefanya hivohivo na Odyssey kitabu cha 11 na Agamemnon ya Aeschylus. Zote zinasimulia Agamemnon, mfalme aliyeongoza Wagiriki Troy, alivyouawa aliporudi kwake. Kwa Homer muuaji ni Aegisthus, hawara wa mke wa mfalme, akisaidiwa na huyo mke, kwa Aeschylus mke ndo anaua kwa mkono wake, na anamtaja binti yake Iphigenia, ambaye Agamemnon alimtoa kafara.