Casio fx-991ES Plus kwa hesabu za mafumbo: inunue, ila ujue kazi yake inaanzia wapi

Hii kalkuleta wazazi wenye watoto kidato cha tatu kwenda juu wananiuliza sana, kwa hiyo naandika yote hapa. Kwa kifupi ni nzuri, inunue. Ila kwenye yale mafumbo yenye vitu viwili vitatu visivyojulikana inafanya nusu ya mwisho tu ya kazi, nusu ya kwanza ni ya mtoto mwenyewe na hakuna kitufe kitakachomsaidia.

Chukua swali kama hili ninalowapa wanafunzi wangu wa twisheni. Zawadi, Rehema na Mwajuma wamechanga jumla ya shilingi 180,000 za harusi. Rehema katoa mara tatu ya Zawadi. Mwajuma katoa pungufu ya 20,000 kwenye jumla ya wale wawili. Kila mmoja katoa ngapi?

Kwanza kabisa andika x ni nini, na uandike vizuri, x ni pesa aliyotoa Zawadi, sio "x ni Zawadi", maana mtoto akiandika x ni Zawadi mbele huko anasahau anahesabu pesa au watu. y pesa ya Rehema, z ya Mwajuma. Halafu rudi kwenye swali usome sentensi moja moja, kila sentensi inakupa ekwesheni moja, na kwa kuwa vitu visivyojulikana ni vitatu unahitaji ekwesheni tatu, zikiwa mbili ujue kuna sentensi umeiruka. Hapa tunapata x + y + z = 180,000, halafu y = 3x, halafu z = x + y − 20,000.

Sasa hapo ndo wengi wanakwama na kalkuleta mkononi, kwa sababu mashine haipokei y = 3x ilivyo. Inataka herufi zote upande mmoja na namba tupu upande wa pili. Kwa hiyo ya pili inakuwa 3x − y + 0z = 0, na ya tatu x + y − z = 20,000. Ile sifuri ya z usiiache, ingiza kabisa. Ukishapanga hivyo bonyeza MODE, kisha 5 ambayo ni EQN, kisha 2 kwa ekwesheni za x, y na z (1 ni za x na y peke yake, 3 na 4 ni za x mraba na x mchemraba). Inatokea jedwali lenye a, b, c na d, unajaza 1, 1, 1, 180000, kisha 3, −1, 0, 0, kisha 1, 1, −1, 20000, kila namba unafunga na alama ya =. Ukimaliza bonyeza = tena inakupa X ni 25000, tena Y ni 75000, tena Z ni 80000. Mara moja tu. Ukitaka kurudi hesabu za kawaida ni MODE 1.

Ila sikiliza hii maana ndo sababu ya mimi kuandika. Mtoto mwingine anasoma "Rehema katoa mara tatu ya Zawadi" anaandika x = 3y, kageuza. Akiingiza, kalkuleta inampa 75000, 25000, 80000. Namba nzuri, hazina desimali, ukijumlisha inakuja 180,000 ile ile, na Mwajuma bado kapungukiwa 20,000 kama swali lilivyosema! Yaani mashine haijakosea hata kidogo, imetatua ilichopewa. Kitakachomuokoa ni kurudi kwenye maneno ya swali na kujiuliza nani katoa nyingi kati ya Rehema na Zawadi. Kila jibu lirudishwe kwenye kila sentensi, sio kwenye jumla peke yake, hili nalisisitiza kila siku.

Na kwa mkono hii hesabu wala haisumbui. Jumlisha ya kwanza na ya tatu, z inaondoka, unabaki na 2x + 2y = 200,000, yaani x + y = 100,000, kwa hiyo z ni 80,000 papo hapo, na kwa kuwa y ni 3x basi 4x = 100,000, x ni 25,000. Kwenye mtihani andika hizi hatua, maksi za njia zipo na jibu tupu halizipati, kalkuleta iwe ya kuhakiki.

Inapong'aa kweli ni kwenye namba mbaya. Wanaosoma fizikia kidato cha tano na sita wanajua zile sakiti za Kirchhoff zenye mikondo mitatu na desimali kila mahali, kule kutatua kwa mkono kunakula muda, hii inakutolea mara moja, jibu likija kwa sehemu bonyeza S⇔D linakuwa desimali. Haiprogramiwi, kwa hiyo kwenye KCSE, mtihani wa mwisho wa sekondari Kenya, ambako kalkuleta zisizoprogramiwa zinaruhusiwa, unaingia nayo.

Kuhusu kununua, angalia namba ya modeli kwa makini. fx-82MS na fx-82ES Plus ni nzuri na bei yake iko chini ila hazina EQN kabisa, usidanganywe na muuzaji eti zote sawa. fx-570ES Plus inayo EQN, ila haina sola kama hii 991. Ukiwa na hela ya kuongeza kuna fx-991EX inayofika hadi vitu vinne visivyojulikana, kwa sekondari mi naona haina ulazima. Feki nazo zipo, kwa hiyo kabla hujalipa omba uishike, ingiza lile swali la harusi palepale dukani, isipokupa 25000, 75000 na 80000 irudishe kwenye boksi lake na uende duka linalofuata.