Vitabu vya nafsi na utambulisho: kipi ununue kwanza ukiwa Uganda

Watu wengi wanaoniomba ushauri wa kitabu cha kujijua huwa tayari wameshika kimoja mkononi. Jalada linang'aa, kuna picha ya mtu aliyevaa suti, na chini yake ahadi ya utajiri. Vitabu vya namna hiyo vimejaa kwenye meza za wauzaji kuanzia Kampala hadi Busia, na sisemi vyote ni vibaya. Tatizo langu navyo ni kwamba vinakuambia uwe nani kabla hata havijakuuliza wewe ni nani.

Swali hilo la pili nimeishi nalo tangu utotoni. Nilikulia kambini, mtoto wa mwanajeshi, na Kiswahili ndiyo lugha niliyochezea. Nikitoka nje ya geti watu wakanisikia nikiongea, waliniuliza, "We ni mtu wa wapi?" Leo nafundisha Kiswahili hapa Jinja, nina kitambulisho cha taifa mfukoni, na swali bado linakuja. Waganda wanakiita kitambulisho hicho endagamuntu, yaani kinachoonyesha mtu. Plastiki inaonyesha jina na tarehe ya kuzaliwa. Yanayobaki ndiyo yaliyonifanya nianze kununua vitabu vya saikolojia.

Ninapokipima kitabu cha aina hii, kwanza naangalia kama mtu anayezungumziwa ndani yake ana mama, ukoo, lugha na majirani, au ni mtu aliyeanguka kutoka mbinguni peke yake. Halafu najiuliza kama msomaji wa kawaida atakimaliza. Karibu vyote vilivyo hapa ni vya Kiingereza, kwa hiyo ugumu wa lugha nimeuhesabu.

Namba 1: Childhood and Society, cha Erik Erikson (1950)

Erikson, mwanasaikolojia, ndiye aliyeieneza ile dhana ya kijana kupotewa na utambulisho wake. Hakuipata kwenye maktaba peke yake. Alizaliwa karibu na Frankfurt mwaka 1902, mama yake Myahudi kutoka Denmark, na baba aliyemzaa hakumjua hadi yeye mwenyewe alipokufa mwaka 1994. Alilelewa na baba wa kambo, daktari aitwaye Homburger, akabeba jina lake. Kwenye sinagogi wenzake walimwona si Myahudi kwa sababu ya nywele zake za rangi ya dhahabu; shuleni wakamcheka kwa kuwa ni Myahudi. Mwaka 1939 alipopata uraia wa Marekani ndipo akajipa jina la Erikson. Mtu aliyepita hapo akikueleza kwamba utambulisho ni kazi, na kwamba nusu ya kazi hiyo inafanywa na watu wanaokukubali au kukukataa, anaongea anachokijua.

Kitabu kinapanga maisha katika hatua 8, kuanzia mtoto mchanga anayejifunza kuamini au kutoamini, hadi mzee anayeyatazama maisha yake kwa utulivu au kwa majuto. Hatua ya 5 ni ya ujana, na hapo ndipo mzazi yeyote mwenye kijana wa sekondari atakaposoma kwa kalamu mkononi.

Usianze ukurasa wa kwanza. Mwanzo umejaa nadharia za Freud, mwanzilishi wa uchambuzi wa nafsi, na unachosha. Anza na sura za Wasioux na Wayurok, makabila mawili ya wenyeji wa Marekani ambayo Erikson aliyatembelea. Anaeleza jinsi Wasioux walivyowalea watoto wao, kisha shule za bweni za serikali zikawataka watoto hao hao wawe watu wengine. Nilipofika hapo nilifunga kitabu nikawakumbuka wanafunzi tuliosoma nao bweni, tuliopewa adhabu kwa kuongea lugha ya nyumbani. Baada ya hapo nenda sura ya 7, ile ya hatua 8, halafu rudi mwanzo ukiwa na hamu.

Ukikuta mezani kitabu chake kingine, Identity: Youth and Crisis cha mwaka 1968, usidanganywe na jina. Kinaonekana ndicho kinachohusu hasa utambulisho, lakini ni mkusanyiko wa makala na ni kigumu zaidi. Hicho kiwe cha pili.

Namba 2: Black Skin, White Masks, cha Frantz Fanon (1952)

Kwa mtu wa Uganda anayeongea Kiingereza ofisini, Luganda sokoni na Kiswahili na afande kwenye kizuizi cha barabarani, sura ya kwanza pekee inatosha bei ya kitabu. Fanon alikuwa daktari wa magonjwa ya akili, mzaliwa wa kisiwa cha Martinique katika Karibi, na sura hiyo inahusu lugha. Anasema kuongea lugha ni kuubeba ulimwengu wa wenye lugha hiyo. Anasimulia kisa cha kijana wa shamba aliyerudi kutoka Ufaransa, akajifanya hajui tena jina la chombo cha kulimia. Baba yake akamdondoshea chombo chenyewe mguuni. Jina likarudi papo hapo.

Nimewasomea wanafunzi wangu kisa hiki mara nyingi. Wanacheka, kisha wananyamaza, kwa sababu kila mmoja ana binamu aliyerudi kutoka Kampala hajui tena lugha ya bibi.

Angalia jina la mfasiri kabla ya kulipa. Kuna tafsiri ya Charles Lam Markmann ya mwaka 1967 na ya Richard Philcox ya mwaka 2008. Ya Philcox inasomeka vizuri zaidi. Ya zamani ndiyo utakayokuta kwenye mitumba. Kama bei ni nafuu ichukue, lakini uwe na subira. Sura zinazohusu wanawake, watu wengi wamezikosoa, na mimi naona wana haki.

Namba 3: African Religions and Philosophy, cha John Mbiti (1969)

Si kitabu cha saikolojia, wala sijali. Mbiti, Mkenya, alifundisha Makerere kuanzia 1964 hadi 1974, na kitabu hiki kilitoka akiwa hapo. Ndani yake kuna ile sentensi ambayo watu huinukuu bila kujua ilikotoka: mimi nipo kwa sababu sisi tupo; na kwa kuwa sisi tupo, basi mimi nipo. Kwa msomaji wa Kiswahili kuna furaha nyingine. Alipotaka kueleza wakati, Mbiti hakutumia maneno ya Kiingereza bali alichukua mawili ya kwetu, Sasa na Zamani. Marehemu anabaki katika Sasa maadamu yupo aliye hai anayemkumbuka kwa jina, na hapo utambulisho wa mtu unaendelea hata baada ya kaburi. Fikiria hilo unapompa mtoto wako jina la babu.

Alikosolewa sana kwa kudai kwamba Waafrika hawakuwa na dhana ya wakati ujao wa mbali, na mshairi wetu Okot p'Bitek alimshambulia kwa kuivisha miungu ya Afrika nguo za Wagiriki, yaani kuieleza kwa fikra za Kigiriki. Nunua, usome, ubishane naye.

Namba 4: Man's Search for Meaning, cha Viktor Frankl (1946)

Hiki ndicho rahisi kumaliza kuliko vyote. Frankl, daktari wa Vienna, alipita kwenye kambi za Wanazi ikiwemo Auschwitz, na mwaka 1945 akakiandika kwa siku 9. Kinauliza mtu anabaki na nini akishanyang'anywa nguo, nywele, familia na hata jina, akapewa namba. Kwa aliyefiwa au aliyepoteza kazi ningekipandisha kiwe namba 1. Nimekiweka hapa kwa sababu kinajibu swali la maana ya maisha kuliko swali la wewe ni nani. Lipo toleo la vijana ambalo sehemu yake ya pili imefupishwa. Mtu mzima achukue toleo kamili.

Namba 5: The Stories We Live By, cha Dan McAdams (1993)

Hoja yake ni kwamba nafsi ni hadithi unayojisimulia. Anakutaka uyagawe maisha yako katika sura, kama kitabu, kisha utaje siku ya juu kabisa, siku ya chini kabisa na siku mambo yalipogeuka. Fanya zoezi hilo na mzee wako jioni moja. Mifano yake ni ya Kimarekani mno, na huenda ukalazimika kukiagiza.

Ukipata The Presentation of Self in Everyday Life cha mwanasosholojia Erving Goffman kwa bei ya mtumba, chukua. Anaonyesha jinsi wahudumu wa hoteli katika visiwa vya Shetland walivyobadilika kati ya jikoni na mezani, na utawaona watu wote unaowajua.

Kwa asiyetaka Kiingereza, kuna riwaya ya Euphrase Kezilahabi, Kichwamaji (1974). Kezilahabi alizaliwa Ukerewe, kisiwa cha ziwa hili hili letu, na msimulizi wake Kazimoto ni msomi wa chuo kikuu ambaye elimu imemtenga na kila kitu. Hakuna kitabu cha saikolojia kinachonieleza hali hiyo vizuri hivyo kwa Kiswahili. Lakini kinaishia kwenye kujiua. Ndugu aliye kwenye huzuni nzito usimpe hiki. Kaa naye kwanza.

Watu hapa Jinja huniuliza pia kuhusu Carl Jung, mwanasaikolojia wa Uswisi, kwa kuwa alipita mji huu katika safari yake ya 1925 hadi 1926, baada ya kukaa kwenye miteremko ya Mlima Elgon. Safari hiyo imo katika Memories, Dreams, Reflections. Kinavutia, ila anawaona watu wa huku kama kioo cha utoto wa binadamu, na hilo liliniuma. Kwa pesa yangu, mtumba tu.

Kuhusu kununua kwenyewe: maduka kama Aristoc ya Kampala yana nakala halisi na bei yake inauma. Barabarani ni nafuu, na nakala bandia ni nyingi. Mwaka jana nilinunua Frankl kwa muuzaji mmoja kando ya barabara, nikafika nyumbani nikakuta ukurasa wa 96 unafuatwa na wa 129. Tangu siku hiyo nafungua katikati, nafuata namba za kurasa, navuta kidogo nione kama gundi inashika, na naangalia kama maandishi yamepauka kama fotokopi.

Viwili usivinunue kabisa. Infancy in Uganda cha mwanasaikolojia Mary Ainsworth (1967) ni adimu, kitafute kwenye maktaba, Makerere kwanza. Ainsworth alifika Kampala mwaka 1954, akazitembelea familia 26 katika vijiji vya Buganda, na kwa kuwatazama wachanga wakitambaa kumwacha mama na kumrudia ndipo ilipokua hoja yake kwamba mtoto huithubutu dunia akiwa na mtu wa kumrudia.

Cha pili ni The Principles of Psychology cha William James (1890). Haki zake za kunakili zimekwisha, kipo bure kwenye Project Gutenberg, maktaba ya mtandaoni. Unachohitaji ni sura ya 10, inayohusu nafsi, zaidi ya kurasa 100. Humo James anasema mtu ana nafsi nyingi za kijamii, sawa na idadi ya watu wanaomtambua. Pakua sura hiyo kwenye flashi, ipeleke kwa wachapaji wa Nasser Road au Wandegeya, Kampala, wakuchapie pande zote mbili za karatasi, na uwaambie waibane kwa waya ili uweze kuandika maoni yako pembeni.