Uzoefu wangu na Here Comes the Pain: mieleka ya PS2 sebuleni Daejeon

Kila Ijumaa nikitoka kazini hapa Daejeon, Korea Kusini, napitia kwa mwenzangu mmoja Mkorea. Kanizidi umri, kwa hiyo namwita hyung, kama mdogo wa kiume anavyomwita kaka yake huku. Chini ya runinga yake ipo PS2 (PlayStation 2, mashine ya gemu) nyeusi ambayo diski yake haibadilishwi: WWE SmackDown! Here Comes the Pain, gemu ya mieleka ya WWE, kampuni ya Marekani, ya mwaka 2003 iliyotengenezwa na Yuke's ya Japani na kutolewa na THQ.

Hii ni nchi ya kompyuta na StarCraft, gemu ya vita ya kompyuta. PS2 iliingia rasmi madukani Februari 2002, hyung akiwa sekondari. Walikuwa wanachanga hela na kwenda peulseubang, vile vyumba vya kulipia PlayStation kwa saa. Wengine wakikimbilia mpira wa Winning Eleven, yeye na wenzake walikaa kwenye mieleka. Leo ana mke na mtoto, na hajaiacha. Mwanzoni nilishangaa. Sasa namwelewa kabisa.

Gemu hii ina kasi. Kitufe cha L2 kwenye padi kinazuia usikamatwe, cha R2 kinazuia ngumi, na ukichelewa kidogo tu uko chini. Kwenye skrini kuna mchoro wa mwili wako: mguu ukipigwa sana unabadilika rangi mpaka unakuwa mwekundu, na hyung akishauona mwekundu haachi, anaukunja huohuo mpaka usalimu amri. Mita ya pumzi haimo. Ilikuja na SmackDown vs. Raw 2006, gemu ya baadaye ya mfululizo huu, na kwangu mimi ndiyo iliyoondoa utamu.

Wamo wanamieleka kama Undertaker, The Rock, Stone Cold, Goldberg na Lesnar, na Cena na Batista wakiwa bado wachanga. Lakini hyung hamchagui yeyote kati yao. Kamuunda wake: Kim Il, mwanamieleka wa Korea, mwanafunzi wa Rikidozan (gwiji wa mieleka wa Japani), aliyewakusanya Wakorea mbele ya runinga miaka ya 1960 kwa pigo lake la kichwa. Babu yake hyung alikuwa hakosi pambano. Wiki iliyopita nilikuwa na Lesnar, Kim Il kalala, damu usoni, nikaona nimemaliza. Akainuka. Kichwa cha kwanza, cha pili, cha tatu, Lesnar chali.

Kasoro zipo. Hadithi za msimu hujirudia ukicheza sana, na sauti za watangazaji hazimo kabisa wakati wa pambano. Kwa hyung pengo hilo analiziba mtoto wake: ukibanwa mabega, anapiga sakafu kwa kiganja kama mwamuzi, "Hana! Dul! Set!" yaani moja, mbili, tatu.

Ukitaka kununua, angalia kwanza diski na mashine ni za eneo gani la dunia, maana PS2 ya Korea haisomi diski ya Marekani. Yangu nimeshaipata, pamoja na padi mbili. Ijumaa hii nakwenda na Eddie Guerrero.