Maktaba za bure za hukumu: tathmini ya mfanyabiashara wa Kampala

Huduma ninazozitathmini ni mbili, na zote husomwa bila malipo: ULII, maktaba ya mtandaoni ya sheria na hukumu za Uganda, na Indian Kanoon, inayokusanya hukumu za mahakama za India. Nimezitumia kutafuta jibu la swali moja: mfanyabiashara akiwekwa kizuizini kwa tuhuma za kulangua sukari, chumvi au mafuta ya kupikia, kabla hajashtakiwa kwa kosa lolote, mahakama inaweza kumsaidia vipi? Kwa sisi tunaonunua mali Kikuubo, eneo la biashara ya jumla Kampala, na kuiuza rejareja, swali hilo ni zito. Wazee wetu wanaikumbuka miaka ya 1970, bidhaa zilipoadimika na magendo yakashamiri, hadi serikali ya Idi Amin ikaunda mahakama ya kijeshi ya makosa ya uchumi mwaka 1975.

Utajiri wa hukumu za jambo hili uko Indian Kanoon, kwa kuwa tangu mwaka 1980 India ina sheria inayoruhusu mtu kuzuiliwa hadi miezi 6 bila kushtakiwa, ili asivuruge ugavi wa bidhaa muhimu. Kila hukumu huonyesha hukumu nyingine ilizozitaja na zile zilizoitaja baadaye, na ukizifuata utaona kwamba majaji hawaanzi kwa kuuliza kama mchele ulifichwa kweli. Wanauliza kama mzuiliwa alipewa sababu kwa maandishi, kwa kawaida ndani ya siku 5. Kama amri iliyotolewa na mkuu wa wilaya iliidhinishwa na serikali ya jimbo ndani ya siku 12. Kama jalada lilifika ndani ya wiki 3 kwa Bodi ya Ushauri, inayopima kama kuna sababu ya kutosha ya kumzuilia mtu. Na kama malalamiko yake yalishughulikiwa bila kucheleweshwa. Hatua moja ikirukwa, amri yote inaweza kubatilishwa. Katika kesi ya Rekha ya mwaka 2011, iliyohusu dawa zilizokwisha muda, Mahakama Kuu Kabisa ya India ilisema kwamba pale sheria za kawaida za jinai zinapotosha, kumzuilia mtu kwa tahadhari ni kinyume cha sheria. Hukumu hiyo ninamsihi kila mfanyabiashara aisome.

Hata hivyo, anza na ULII. Katiba ya India yenyewe, katika ibara ya 22, inakubali uzuiliaji wa aina hiyo hata wakati wa amani, na hukumu za India, kwa kuwa ni za nchi nyingine, zinaweza kumshawishi jaji wa Kampala lakini hazimfungi. Katiba yetu ya mwaka 1995 inataka mshukiwa afikishwe mahakamani ndani ya saa 48, inampa haki ya kuonana na wakili wake, na katika ibara za 23 na 44 inakataza kabisa kusitishwa kwa haki ya habeas corpus, yaani haki ya mzuiliwa kuletwa mbele ya mahakama ili ipime kama kuzuiliwa kwake ni halali. Kuzuiliwa chini ya sheria za hali ya hatari kuna masharti yake katika ibara ya 47. Isome pamoja na kesi ya Matovu ya mwaka 1966, ambapo majaji walikubali kulisikiliza ombi lililokuwa na kasoro za kiutaratibu kwa sababu uhuru wa mtu ulikuwa hatarini.

Upungufu mkubwa ni lugha. Hukumu zote nilizosoma ni za Kiingereza, na ni ndefu, ilhali Kiswahili ni lugha rasmi ya pili ya nchi hii kikatiba tangu mwaka 2005. Mama anayemtafuta mwanawe kituo cha polisi hawezi kupekua kurasa 40 za Kiingereza cha mawakili. Dawa yake, kwa sasa, ni kuanzia aya za mwisho, penye amri ya mahakama, kisha kurudi nyuma kutafuta sababu. Maktaba hizi pia hazichukui nafasi ya wakili. Zinakuwezesha kumuuliza maswali ya maana kabla hujamlipa.

Kwa thamani ninazipa alama za juu, ULII kwanza. Kurasa zake nyingi ni maandishi matupu, hivyo bando dogo linatosha. Hifadhi ibara ya 23 kwenye simu yako leo, na nakala nyingine mwachie mtu wa nyumbani.