Mama yangu na mwalimu wake wa udereva: uzoefu wangu

Mvua za masika zilipokaribia nilimwandikisha mama yangu katika chuo kimoja cha udereva hapa Dar es Salaam. Ni mwalimu mstaafu, na hofu ya usukani imemkaa tangu ujana, kwa hiyo kila somo nilikaa kiti cha nyuma.

Siku za mwanzo zilikuwa za kicheko. Alitafuta indiketa akawasha waipa, zikakwaruza kioo kikavu hadi tulipotoka getini. Kila alipomwona mtu anayemfahamu aliachia usukani ili apunge mkono, maana kwake kumpita mtu bila salamu ni kosa zito kuliko kuhama njia. Mwalimu alicheka pamoja nasi, na kwa hilo ningewapa alama zote.

Kisha tukafika mlima wa Makongo. Gari lilizima katikati ya mwinuko, mama akaachia breki akatazama gia, nasi tukaanza kurudi nyuma kuelekea bajaji iliyosheheni ndoo za plastiki. Mwalimu alikanyaga breki ya upande wake, tukasimama zikiwa zimebaki hatua chache. Hapo alifanya kazi yake, sikatai. Lakini badala ya kumweleza alipokosea, alishuka, akabamiza mlango na kusema kwa sauti iliyowafikia hata abiria wa daladala: “Mama, kwa umri huu si upande tu daladala?” Mama yangu, aliyefundisha watoto wa watu kusoma kwa zaidi ya miaka 30, hakujibu neno. Mkono wake ulitetemeka juu ya honi, nayo ikawa inalia pii, pii, pii.

Nilikusudia kuandika kwamba mtu yeyote asiende huko. Hata hivyo ni mwalimu huyo huyo aliyemfundisha baadaye kuvuta handbreki, kukanyaga mafuta kidogo, kuachia klachi taratibu mpaka gari litetemeke, ndipo ashushe handbreki. Na mama akaupanda mlima ule bila kurudi hata inchi moja. Basi nendeni, ila ombeni mwalimu mwingine. Hapana, hata hilo nalifuta, kwa sababu mpaka leo hajaomba radhi.

Mama ananiambia, “Mwanangu, hata mimi nilikuwa mkali darasani.” Nami namjibu kwamba hakuwahi kumwaibisha mwanafunzi mbele ya wapita njia. Jumamosi ana somo jingine, na amemwomba mwalimu yule yule. Nimeshalipa, na kiti cha nyuma ni changu.