Nilipeleka picha kuprintiwa, nikarudishiwa sura ya mtu mwingine

Hili duka la kuprinti na kutengeneza fremu liko si mbali na soko la Majengo hapa Dodoma, na mpaka leo nikilipita moyo unanienda mbio.

Niliwapelekea kwenye flashi picha ya mzee wa Unguja iliyochorwa na Irma Stern. Nilitaka turubai kubwa ya sebuleni, maana mzee yule amefanana na marehemu babu. Siku mama alipoiona kwenye simu yangu, alijifuta macho kwa upande wa khanga.

Stern ni yule mwanamama wa Afrika Kusini aliyesomea uchoraji Ujerumani, akashikwa mkono na mchoraji wa hukohuko, Max Pechstein. Zanzibar alikuja 1939, akarudi 1945. Anapaka rangi nene, unaona kabisa brashi ilikopita. Shavu halichori lilivyo, analichora anavyolihisi. Ndiyo kazi yenyewe hiyo.

Siku ya kuchukua nafunua gazeti, nakuta shavu laini kama la mtoto! Michirizi yote ya brashi imefutwa, ngozi imeng'arishwa. Nikauliza, "Fundi, nani kakutuma uiguse?" Akajibu macho yako kwenye simu: "Mama, ilikuwa chafu. Nimekusafishia na hela sijakuongezea. Ungeshukuru."

Nishukuru nini? Cape Town nao mwaka 1922 walizicheka picha za Stern, hadi polisi wakaenda kuzichunguza. Leo? Moja ya zile za Unguja, ya 1945, iliuzwa London mwaka 2011 kwa zaidi ya pauni milioni 3. Nilimwambia yote hayo palepale, sauti imenipanda, wateja wamegeuka. Akasema kama siitaki niiache, ila advansi hairudi.

Haki niiseme: fremu ni nzuri. Mninga mtupu, pembe zimekutana sawasawa. Stern mwenyewe picha zake za Zanzibar alizivisha fremu za mbao za kuchonga za kulekule, kwa hiyo mbao nzuri ilistahili. Kijana aliyeiranda ana mkono, na kwa ajili yake nilishaamua kuwaambia nendeni, ila kwa fremu tu.

Lakini jana mama amekuja. Amesimama mbele ya ile picha muda mrefu, akanigeukia: "Huyu nani?"

Hapana. Msiende.