Kupinga uhamisho katika Mahakama ya Ajira: nyota 4 kwa wengine, 2 kwa wengine

Mtumishi wa umma nchini Kenya aliyepewa barua ya uhamisho atahudumiwa vizuri na Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ikiwa utaratibu ulikiukwa. Ikiwa shida yake ni umbali, kodi ya nyumba au shule ya watoto, ajiandae kurudi mikono mitupu. Kuhamisha ni haki ya mwajiri, na jaji hakai pale kupanga vituo vya watu.

Korti hupima kwanza kama uhamisho ni adhabu iliyovishwa joho la "mahitaji ya kazi". Kifungu cha 47 cha Katiba kinataka uamuzi uwe halali, wa busara na wa haki. Cha 236 kinakataza kumshusha mtumishi cheo bila kufuata sheria, kwa hiyo barua inayokutoa kwenye wadhifa wako na kukuweka chini ya mtu uliyekuwa ukimsimamia ni kesi nzito kuliko ile ya kukupeleka kaunti nyingine kwa cheo kilekile. Pia kuna kifungu cha 10(5) cha Sheria ya Ajira ya 2007: mahali pa kazi pakibadilika, mwajiri ashauriane nawe na akujulishe kwa maandishi. Wanajeshi, polisi na askari magereza wasikitegemee, maana sheria hiyo haiwahusu.

Kabla ya kukimbilia wakili, andika barua ya kuomba sababu. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015, kifungu cha 6, inampa mwajiri miezi 3 kujibu. Asipozitoa, korti itachukulia kwamba hakuwa na sababu nzuri, hadi athibitishe vinginevyo. Miezi 3 ni mingi kwa mtu anayetakiwa kuripoti wiki ijayo, kweli, lakini nakala yenye muhuri wa kupokelewa ni ushahidi tangu siku hiyohiyo.

Wafanyakazi wa kaunti huteleza mlangoni. Rufaa yao dhidi ya uamuzi wa bodi ya kaunti huenda kwanza kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kwa maandishi, ndani ya siku 90 (kifungu cha 77, Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012). Sheria ya Tume ya 2017, kifungu cha 87(2), inafunga mlango wa korti kwa aliyeiruka hatua hiyo, na kesi inaweza kutupwa kabla neno "uhamisho" halijajadiliwa. Kuna upenyo wa kuomba kusamehewa hatua za ndani, ila lazima uonyeshe mazingira yasiyo ya kawaida. "Nilikuwa na haraka" haitoshi.

Nyaraka huwasilishwa kwa mtandao: kesi yenyewe, ombi la dharura na hati ya kiapo. Ambatanisha barua ya uhamisho, ya kuajiriwa, ya kupandishwa cheo na majibizano yote. Tarehe ya kuripoti iwe juu kabisa kwenye ombi la dharura, na uwasilishe kabla haijafika. Mtu akishaketi kwenye kiti chako, huenda kusibaki cha kusimamisha.

Amri ya muda, ile inayosimamisha uhamisho kesi ikiendelea, ndiyo sehemu dhaifu ya huduma hii. Kipimo cha kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973 kinadai uonyeshe kesi yenye mashiko na hasara isiyofidika kwa pesa, na gharama za kuhama hufidika kwa pesa. Jenga hoja yako juu ya cheo, taaluma au matibabu ambayo hayapatikani kituo kipya.

Bila amri mkononi, usikae nyumbani ukisubiri. Kutofika kazini bila ruhusa ni kosa kubwa chini ya kifungu cha 44(4)(a) cha Sheria ya Ajira, na mwajiri aliyekuwa na kesi mbovu ya uhamisho atapata kesi nzuri ya kukufuta. Ripoti, huku ukiandika kwamba unaripoti bila kukubali.

Hata ukishinda, uamuzi unaweza kufuta barua ile tu. Mwajiri akishauriana nawe safari hii na kutoa sababu, anaweza kuandika nyingine.